Chai ya asubuhi ya Kijerumani ukiwa Mwanza, bila oveni

Mwangaluka ndugu zangu. Kuna watu wananiuliza sana hili swala, hasa wale wenye ndugu waliosoma Ujerumani au wanaopokea wageni, wanataka kuandaa kifungua kinywa cha Kijerumani nyumbani na wanadhani lazima uwe na oveni na uende supamaketi ya bei kubwa. Si kweli. Mi nimefanya kazi ya jikoni kwa familia moja ya Kijerumani kule Isamilo miaka kadhaa, nikajifunza kila kitu pale, na sasa hivi kila Jumapili naandaa mwenyewe nyumbani kwangu kwa jiko la mkaa na vitu vya soko la Kirumba, na watoto ndo chai wanayoisubiri wiki nzima.

Kwanza tuelewane. Sisi tukisema chai ya asubuhi kichwani inakuja chapati, maandazi, vitumbua, au supu ya sato na ndizi, yani kitu cha moto kilichopikwa. Mjerumani asubuhi hapiki sana. Anaweka mezani mikate midogo, siagi, jamu, asali, chizi, nyama baridi zilizokatwa nyembamba, yai la kuchemsha na kahawa, alafu kila mtu anajitengenezea ya kwake taratibu huku wanaongea. Wao wanaita Frühstück, maana yake kama kipande cha mapema, na hicho kipande ni kipande cha mkate. Kwa hiyo mkate ndo chai yenyewe, hivyo vingine vyote vinausindikiza tu. Ukikosea mkate, hata uweke chizi tano mezani bado hujaandaa chai ya Kijerumani, na ukiupatia mkate unaweza ukaweka siagi na asali peke yake na Mjerumani akala akashukuru. Ndo maana maelezo yangu mengi hapa yatakuwa ya mkate.

Wenzetu wanaupenda mkate kweli kweli, mwaka 2014 utamaduni wao wa mkate uliingizwa kwenye orodha ya taifa lao ya urithi usioshikika. Na kila upande una jina lake, mkate mdogo wa asubuhi wengi wanauita Brötchen, yani kimkate, ukienda Bavaria wanaita Semmel, Berlin wanaita Schrippe, Hamburg zamani Rundstück. Kwangu watoto wamesharahisisha, wanaita brocheni, na mi nitaandika hivyo. Wajerumani walikaa hapa Mwanza tangu miaka ya 1890 mpaka Waingereza walipowatoa 1916, wakatuachia lile jina la Bismarck kwenye jiwe pale karibu na kivuko cha Kamanga, wakatuachia neno shule na neno hela, lakini mkate wao haukubaki. Mikate tunayokula mjini ni laini na ina sukari. Brocheni haina sukari ya kuonja, haina maziwa, haina mafuta, ni unga maji chumvi na hamira basi, nje ganda gumu linalolia kac ukilibonyeza na ndani laini. Usiifananishe na skonzi, ukiweka sukari na mafuta unapata skonzi nzuri ila siyo hii.

Haya tuanze usiku wa Jumamosi, mana ukitaka kuanza asubuhi utachelewa na njaa itawashinda watu. Chukua unga wa ngano nusu kilo, ule ule wa chapati, ni vikombe vinne vya robo lita. Chumvi kijiko cha chai kimoja na nusu. Hamira ile ya chenga ndogo ndogo robo kijiko cha chai, ndiyo, robo tu, mana inakaa usiku mzima na joto letu la ziwani hamira inafanya kazi haraka, ukiweka kijiko kizima asubuhi utakuta donge limepanda likashuka na linanuka pombe. Maji mililita 300, kama kikombe kimoja na robo hivi pungufu kidogo. Changanya vikavu kwanza, mimina maji, koroga kwa mwiko mpaka unga wote ulowe, acha dakika kumi upumzike, afu ukande dakika nane mpaka kumi. Donge litakuwa linanata mwanzoni, usikimbilie kuongeza unga, endelea kukanda litaacha kunata lenyewe. Watu wengi wanaharibia hapa hapa, wanaongeza unga mpaka donge linakuwa gumu kama la chapati na brocheni inatoka nzito.

Maji yawe ya baridi ya kawaida au ya vuguvugu kidogo sana. Mara ya kwanza kabisa nilitumia maji ya moto nikiwa na haraka ya kuumusha, na brocheni zangu zilitoka bapa ngumu, mama mwenye nyumba akaniambia hamira ni kitu hai, ukiimwagia maji ambayo wewe mwenyewe huwezi kuweka kidole basi umeshaiua. Tangu siku hiyo natumbukiza kidole kwanza.

Weka donge kwenye bakuli kubwa, funika na sahani au mfuko safi ili lisikauke juu, acha kwenye meza ya jikoni mpaka asubuhi. Kama nyumba yako ina joto sana, zile nyumba za bati za kule milimani zinazoshika joto la mchana, na una friji, weka kwenye friji na hamira iwe nusu kijiko. Ukilaza donge muda mrefu ladha inakuwa nyingine kabisa, mkate unanukia. Asiyelaza donge anakula mkate wenye ladha ya hamira tu.

Usiku huo huo, kabla hujalala, mimina lita moja ya mtindi mzito kwenye kitambaa safi cheupe, funga, ning'iniza juu ya sufuria udondoke maji kwenye friji, au sehemu ya baridi kama huna. Asubuhi itabaki kama theluthi moja, nzito ya kupaka. Wajerumani wana kitu chao kinaitwa Quark, kinatengenezwa na maziwa yaliyogandishwa na kuchujwa, na huu mtindi wetu uliochujwa unafanana nacho sana. Nusu yake changanya na chumvi, pilipili manga na majani ya kitunguu yaliyokatwa kidogo kidogo sana, nusu iache hivyo hivyo ya kula na jamu au asali. Mi nasema ukweli wangu, katika meza yote hiki ndo kitu ninachokipenda kuliko vyote, na usukumani maziwa hatuna shida nayo.

Asubuhi saa kumi na mbili amka. Donge litakuwa limejaa bakuli lina mapovu. Mwaga unga kidogo mezani, litoe taratibu usilipige ngumi, gawa vipande tisa. Kila kipande kikunje kingo zake kuja katikati kama unafunga kifurushi, kigeuze, kizungushe chini ya kiganja mpaka kiwe duara na ngozi ya juu imejivuta. Ukitaka mbegu juu, lowesha uso wa donge na maji alafu uchovye kwenye sahani ya mbegu. Wajerumani wanapenda sana mbegu kwenye mkate, alizeti, ufuta, mbegu za maboga, na hizi zote sisi tunazo sokoni za bei ya kawaida, alizeti chagua zile zilizobanguliwa usije ukamvunja mtu jino. Funika na kitambaa, acha ziumuke tena dakika arobaini mpaka saa nzima. Ukibonyeza na kidole na alama ikarudi polepole ziko tayari, ikirudi haraka ngoja, isiporudi kabisa umechelewa choma hivyo hivyo.

Wakati zinaumuka washa mkaa. Mwenye oveni yeye aiwashe nyuzi 220, aweke na kibakuli cha chuma chenye maji chini ili kuwe na mvuke, achome dakika 18 mpaka 20, maelezo yake yameishia hapo. Sisi wa mkaa tufanye hivi. Tafuta sufuria kubwa nzito yenye mfuniko wa chuma au bati nene usio na kishikio cha plastiki. Ndani ya sufuria, kwenye kitako chake, panga vijiwe vitatu vidogo vilivyokauka vizuri, au tandaza mchanga safi mkavu kina cha kidole, kama wanavyofanya wanaopika keki kwa mkaa. Funika, weka jikoni, acha lipate moto dakika kumi na tano likiwa tupu. Hiyo ya kulipasha kwanza usiiruke, mkate ukiingia kwenye sufuria baridi hautapanda.

Brocheni zipange nne au tano kwenye sahani ya bati au trei ndogo iliyopakwa unga, zisigusane. Chukua wembe mpya au kisu kikali sana chanja mstari mmoja katikati, kina cha nusu sentimita, kwa haraka bila kusita. Ule mchano ndo unaoruhusu mkate upasuke vizuri ukipanda, usipochanja unapasuka ubavuni. Nyunyizia maji juu na mkono, ingiza sahani kwenye sufuria juu ya vijiwe, funika haraka. Sasa punguza mkaa wa chini, hamishia mwingi juu ya mfuniko. Kanuni yake ni mkaa mwingi juu, kidogo chini, ukigeuza hiyo utaunguza matako ya mkate na juu itabaki nyeupe. Mvuke wa yale maji ukibaki ndani ya sufuria unafanya ganda libaki laini dakika za mwanzo ili mkate upande, baadae ndo linakauka na kuwa gumu. Usifunue kabla ya dakika kumi na tano hata kama harufu imeshakuita. Zikifika ishirini chungulia, zikiwa na rangi ya kahawia toa moja uigonge chini na kidole, ikilia kama ngoma imeiva, ikiwa na sauti nzito ya kimya rudisha dakika tano. Acha zipoe juu ya waya au juu ya vijiti, usizifunike na kitambaa ukafikiri unazitunzia joto, ganda litalainika na kazi yote imepotea.

Na tafadhali, mkaa fanyia nje au jikoni penye dirisha na mlango wazi. Hewa ya mkaa kwenye chumba kilichofungwa inaua na haina harufu ya kukuonya.

Ukimaliza awamu ya kwanza ingiza ya pili, na hapo hapo weka maji ya mayai.

Yai sasa. Yai la Kijerumani la asubuhi linachemshwa ute ukiwa umeshika na kiini cha njano bado kinachuruzika kidogo, unalisimamisha kwenye kikombe chake, unakata kofia ya juu, unatia chumvi unakula na kijiko. Kila Mjerumani ana dakika zake, baba atasema langu dakika nne na nusu, mama atasema langu sita, na hawataniani kwenye hilo. Mi kule Isamilo niliambiwa dakika tano, nikaweka saa, nikatoa dakika tano kamili, na ute ukawa bado majimaji. Siku tatu mfululizo. Nikadhani saa ni mbovu. Ndo baba mwenye nyumba akanielezea kwamba Mwanza tuko juu, ziwa letu lenyewe liko kama mita 1,134 kutoka usawa wa bahari, na huku juu maji yanachemka kabla hayajafika nyuzi 100, yanachemkia kwenye 96 hivi. Yanatokota kweli unayaona, ila hayana moto sawa na yanayotokota Hamburg au Tanga. Kwa hiyo yai linataka muda zaidi. Hii kitu ilinifurahisha sana kuijua, mana na maharage yetu kuchukua mkaa mwingi sababu mojawapo ni hiyo hiyo.

Kwa hapa kwetu vipimo vyangu ni hivi, yai lililokaa nje ya friji, maji yakiwa yameshatokota ndo unaliingiza taratibu na kijiko. La kienyeji dogo dakika tano na nusu, la kisasa kubwa dakika saba. Ukitaka kiini kishike kiasi tu ongeza moja na nusu, likikauka kabisa ni kumi na mbili. Kabla ya kuliingiza Wajerumani wanalitoboa kwa sindano upande wa mviringo, kule kwenye kifuko cha hewa, lisipasuke. Ukilitoa litumbukize maji ya baridi nusu dakika ili lisiendelee kujipika ndani. Vikombe vya kuwekea yai hamna haja ya kutafuta, vile vikombe vidogo vya wauza kahawa wa mtaani vinatosha kabisa yai linakaa kama limetengenezewa. Ila wajawazito, watoto wadogo na wazee wape lililoiva kabisa, na yai ulilonalo pima kwanza kwenye maji, linaloelea tupa.

Kahawa. Hapa sisi tumebarikiwa, Kagera iko ng'ambo ya ziwa tu. Wajerumani wengi wanakunywa kahawa ya kuchuja na ule uchujaji wa karatasi ulianzia kwao, mama mmoja wa Dresden anaitwa Melitta Bentz alichoka na machicha kwenye kikombe, akatoboa kopo, akaweka karatasi ya kufyonza wino ya daftari la mwanae, akachuja, mwaka 1908 akapewa hataza. Mama wa nyumbani kabisa. Kama huna karatasi tumia kitambaa cha pamba kilichooshwa bila sabuni ya harufu. Vijiko viwili vya chakula vilivyojaa vya kahawa iliyosagwa kwa kila kikombe kikubwa, maji yakishatokota yaache sekunde thelathini, mimina kidogo kwanza kahawa ilowe ivimbe, afu malizia polepole kwa kuzungusha. Haipikwi ikatokota kama ile chungu ya mtaani, na tangawizi acha siku hiyo. Maziwa na sukari viwe pembeni. Watoto wape kakao au maziwa ya moto.

Vya kupaka na kuweka juu sitasema sana mana unachagua kwa mfuko wako. Siagi iwe siagi ya maziwa kweli, siyo majarini, tofauti yake kwenye mkate usio na mafuta unaisikia ulimini mara moja. Ukikosa, kusanya malai ya maziwa siku mbili tatu kwenye friji, weka kwenye chupa yenye mdomo mpana, tikisa dakika ishirini mpaka ijitenge, mwaga maji yake, osha na maji baridi, tia chumvi kidogo. Asali ya Tabora hiyo haina mjadala. Jamu pika mwenyewe na mananasi yanayokuja kutoka upande wa Geita, kilo moja ya nanasi lililomenywa na kukatwa kidogo kidogo, sukari nusu kilo, limao moja, moto mdogo unakoroga mpaka tone ukiliweka kwenye sahani baridi lisikimbie. Chizi ni ghali, nunua kipande kidogo ukate nyembamba sana, wenyewe nao wanakata nyembamba. Nyama baridi wao wanatumia sana ya nguruwe, asiyekula nguruwe achukue nyama ya ng'ombe ya steki, aichemshe Jumamosi na chumvi na kitunguu na jani la bay, ilale kwenye friji, asubuhi aikate nyembamba kwa kisu kikali. Nyanya na tango vipande, usisahau.

Ila kuna kitu kimoja nataka nikisemee, samaki. Watu wa Ujerumani ya kaskazini kule baharini wanakula brocheni na samaki. Hamburg kuna soko la samaki la Jumapili asubuhi tangu mwaka 1703, watu wanaenda alfajiri wananunua mkate mdogo una samaki ndani na vitunguu wanakula wamesimama karibu na maji. Nilivyoelezewa hivyo mi nikaliona soko letu la samaki la Mwaloni kabisa, makelele na ndege na harufu ya ziwa. Kwa hiyo nikajaribu na sangara wa moshi. Chukua kipande cha mnofu wa sangara wa moshi, mtoe miba na ngozi, mpashe kidogo kwenye mvuke apate kulainika, mchambue, kamulia limao, weka juu ya brocheni iliyopakwa ule mtindi uliochujwa wa majani ya kitunguu, juu yake vipande vya kitunguu maji vilivyooshwa na chumvi. Wale wageni wa Isamilo walikula mpaka wakaisha, na baba mwenye nyumba alitaka iwe kila wiki. Sato wa moshi pia anafaa ila ana miba zaidi. Kayabo, yani sangara wa kukaushwa na chumvi, usitumie, chumvi yake inafunika kila kitu.

Sasa namna ya kukaa mezani, mana hapa ndo watu wanaharibu baada ya kazi yote. Kila mtu apewe kisahani kidogo au kibao, kisu na kijiko cha yai, uma wa kazi gani. Brocheni zinakaa kwenye kikapu katikati zimefunguliwa wazi. Mtu anachukua moja, anaikata ubavuni ipate pande mbili, ya chini na ya juu, kila upande anaupaka siagi na kuuweka kitu chake, chizi huku, asali kule, na anaila wazi, haifuniki kama sandwichi. Wengi wanaanza na ya chumvi wanamalizia na ya tamu. Usimpakie mgeni wako. Sisi tumezoea kumhudumia mgeni mpaka mkononi ndo heshima yenyewe, mama mkwe wangu mara ya kwanza alisikitika kabisa, akasema mbona unawaacha watu wajihangaikie, lakini kwao heshima ni kumwekea kila kitu karibu na kumwachia achague mwenyewe. Sukumiana bakuli, ombana jamu, mazungumzo yanatokea humo humo. Jumapili wanaweza wakakaa saa nzima na nusu. Kule maduka mengi Jumapili yanafungwa kwa sheria ila waoka mikate wanaruhusiwa kufungua masaa machache asubuhi, na kazi ya kwenda kununua brocheni ya familia nzima kwenye mfuko wa karatasi mara nyingi wanatumwa watoto, na hapa kwangu mtoto wa kwanza ndo ameshakuwa fundi wa kuchanja.

Wale wa misa ya kwanza ratiba yenu igeuzeni, chomeni Jumamosi jioni, asubuhi nyunyizieni maji kidogo kwenye ganda na mzirudishe kwenye sufuria la moto dakika tano, zinaamka kama mpya.

Na ukiwa na watu wenye njaa kubwa, vijana waliotoka kucheza mpira, mkate na jamu hawatakuelewa. Hao wapikie Bauernfrühstück, chai ya mkulima. Hii ni ndugu wa damu wa chipsi mayai. Tofauti ni kwamba viazi mviringo vinachemshwa na maganda siku iliyopita, vinapoa, vinamenywa, vinakatwa slaisi za unene wa kidole kidogo, vinakaangwa na mafuta kidogo mpaka viwe na rangi pande zote mbili. Watu wanne weka viazi sita vya wastani, kitunguu kimoja kikubwa, soseji mbili za ng'ombe zilizokatwa, mayai matano yaliyopigwa na maziwa vijiko vitatu, chumvi na pilipili manga. Viazi kwanza peke yake usivigeuze geuze, vikishashika rangi ndo kitunguu na soseji, vikiiva mwaga mayai, punguza moto, funika mpaka yashike. Kata na mwiko vipande vipande. Wao wanakula na tango la siki pembeni, wewe kata tango zito lilale na siki, chumvi na sukari kidogo kuanzia usiku. Kachumbari nayo inakubali, mi sioni shida.

Mkate wao mweusi ule mzito wa nafaka inayoitwa rai (rye) siwezi kukudanganya kwamba utaupata hapa, unga wake haupo sokoni na unataka chachu ya kulea siku kadhaa. Mi huwa natumia unga wa ngano usiokobolewa vikombe vitatu na unga wa ulezi kikombe kimoja, donge lile lile ila maji naongeza robo kikombe, nachoma kama mkate mmoja mkubwa dakika hamsini kwenye sufuria. Siyo wa Kijerumani, lakini una rangi na uzito, na unashika siagi na asali vizuri sana.

Brocheni zikibaki mpaka jioni ganda linakuwa gumu la kuvuta na kesho yake ni kama mbao. Usitupe. Zikate slaisi, piga mayai mawili na kikombe cha maziwa na sukari kijiko kimoja, zilowekwe dakika tano kila upande mpaka zinywe, kaanga na siagi moto mdogo ziwe rangi ya dhahabu, nyunyizia mdalasini na sukari. Wajerumani wanaita Arme Ritter na watoto wangu wanaziacha brocheni za Jumapili makusudi ili Jumatatu zipatikane hizi kabla ya shule.